Ruhusa ya Kukaa: Habari za Mashamba ya Mwea

Msomaji, siku utakapopata safari ya kutoka Embu kwenda Nairobi, chagua kiti kilicho kando ya dirisha. Ukiisha kupita Kimbimbi, vilima na migomba huachwa nyuma, na nchi hulala tambarare kama mkeka uliotandikwa. Hapo utaona majaruba ya mpunga yamepangwa safu kwa safu, maji yaking'aa kati ya kingo za udongo mweusi, na ndege weupe, yangeyange, wakitembea polepole nyuma ya walimaji. Siku zisizo na mawingu Mlima Kenya huonekana kaskazini, nao ndio asili ya maji yale. Mji unaofuata ni Wang'uru, na nchi yote hiyo huitwa Mwea. Leo imo katika Kaunti ya Kirinyaga. Lakini mpaka mwaka 1963 ilikuwa sehemu ya Wilaya ya Embu, na kwa sababu hiyo habari nitakayokueleza ni habari ya Embu.

Kando ya majaruba hayo kuna vijiji. Nyumba zake zina kuta, mabati, milango na kufuli kama nyumba za mahali pengine. Kuku huparua uani, na watoto hutoka asubuhi kwenda shuleni. Msafiri hawezi kudhani kwamba kwa muda wa miaka arobaini na zaidi, wazee waliojenga nyumba zile walikaa humo kwa leseni tu, na kwamba leseni hiyo ilipofutwa, mwenye nyumba alitakiwa kuondoka yeye na jamaa yake. Nataka tuitazame leseni hiyo kwa makini: ilitoka wapi, ilisema nini, na amri ya kumtoa mtu ilikuwa na nguvu gani.

Yafaa kwanza tutofautishe mambo matatu ambayo watu huyachanganya. Mtu aweza kuwa na miliki ya ardhi. Hiyo ni mali yake, naye aweza kuiuza au kuwarithisha wanawe. Mtu aweza kuwa mpangaji kwa mkataba. Ardhi si yake, lakini kwa muda uliotajwa katika mkataba ana haki ambayo hata mwenye ardhi lazima aiheshimu. Tena mtu aweza kuwa na ruhusa, yaani leseni. Huyu hana sehemu yoyote ya ardhi mkononi mwake. Kinachomtenga na mvamizi ni neno la mwenye mali aliyemwambia, "Kaa." Neno hilo likiondolewa, aliyekuwa mkaaji halali jana huwa mvamizi leo, ingawa hakusogea hata hatua moja.

Usidhani kwamba jambo hili lililetwa na Wazungu. Katika nchi za kuuzunguka Mlima Kenya, kabla ya wageni kufika, palikuwapo mtu aliyeitwa muhoi, yaani mwombaji. Mtu huyu alikuwa hana ardhi ya kumtosha, akaenda kwa mwenye ardhi akamwomba mahali pa kulima. Hakulipa kodi. Alipeleka pombe kwa desturi, akasaidia katika kazi za jamaa, akaonyesha heshima. Ardhi haikuwa yake, naye alijua hivyo, na wanawe walijua hivyo. Aliweza kuambiwa aondoke. Lakini yule aliyemwambia aondoke alikuwa jirani yake, pengine mkwewe au rika lake, na shauri lao liliweza kufika mbele ya wazee. Katika Meru mashauri ya ardhi yalisikilizwa na wazee wa Njuri Ncheke, baraza ambalo heshima yake ingali kubwa mpaka leo. Muhoi, basi, alikaa kwa ruhusa, lakini ruhusa yake ilizungukwa na watu waliomjua kwa jina.

Walowezi walipopewa mashamba katika Bonde la Ufa, ruhusa ilipata sura nyingine. Walowezi hao walikuwa na ardhi kubwa na mikono michache. Wakikuyu wengi, pamoja na watu wengine, walikwenda kukaa katika mashamba yao, wakapewa mahali pa kulima na kulishia mifugo, nao wakatoa kazi. Watu hao waliitwa maskwota. Kwa sheria ya mwaka 1918, skwota alipaswa kumfanyia mwenye shamba kazi siku zisizopungua 180 kila mwaka. Sheria zilizofuata zilizidi kukaza kamba: siku za kazi ziliongezwa, mifugo ikapunguzwa, na skwota akahesabiwa kuwa mtumishi, si mpangaji. Mtumishi akiachishwa kazi hana haki ya kubaki. Watoto waliozaliwa katika mashamba hayo wakakua, wakaoa, wakazaa, wala hawakuwa na hata upana wa kiganja cha ardhi uliokuwa wao kisheria.

Tarehe 20 Oktoba 1952 serikali ya kikoloni ilitangaza Hali ya Hatari kwa sababu ya vita vya Mau Mau. Katika miezi iliyofuata watu kiasi cha 100,000 walitolewa katika mashamba ya Bonde la Ufa na mahali pengine, wakarudishwa katika wilaya zilizosemwa kuwa ni za kwao. Wengine hawakuwa wamepata kuziona wilaya hizo tangu kuzaliwa. Tarehe 24 Aprili 1954 majeshi yaliuzingira mji wa Nairobi katika shughuli iliyoitwa Operesheni Anvil. Wakikuyu, Waembu na Wameru wakachambuliwa mmoja mmoja, na wapatao 24,000 wakapelekwa kizuizini. Mwaka huo huo watu wa mashambani walianza kuhamishwa kutoka katika maboma yao yaliyotawanyika, wakakusanywa katika vijiji vilivyozungushiwa handaki na miti iliyochongwa. Zaidi ya watu milioni moja walihamishwa kwa namna hiyo. Basi mtu wa Embu au Meru aliyekuwa hai mwaka 1955 aliijua amri ya kuhama vizuri kuliko aijuavyo mwanasheria yeyote wa leo. Hakuwa amesoma habari zake kitabuni. Alikuwa amebeba kitanda chake kichwani.

Swali lililobaki lilikuwa hili: watu wasio na ardhi watawekwa wapi? Wakuu wa serikali waliitazama Mwea. Ilikuwa nchi ya tambarare yenye joto, iliyotumiwa na majirani wa Ndia, Gichugu, Embu na Mbeere kwa malisho na kwa kulima hapa na pale. Udongo wake mweusi hupasuka wakati wa kiangazi na kunata kama gundi wakati wa mvua, wala haukupendwa na wakulima wa mahindi. Lakini mito miwili, Thiba na Nyamindi, hushuka kutoka mlimani na kupita kando yake, na udongo uleule mbaya kwa mahindi huyashika maji vizuri sana. Wataalamu walisema kwamba mpunga ungestawi.

Mifereji ya kwanza ilichimbwa na watu waliokuwa kizuizini. Kazi ilianza mwaka 1954. Kambi kadhaa ziliwekwa katika Mwea, miongoni mwake Kandongu, Gathigiriri na Thiba, na sifa ya kambi hizo haikuwa njema. Mwaka 1957 ziliwekwa chini ya mpango wa kuwalazimisha wafungwa wakaidi kutii kwa kipigo, na mpango wa namna hiyo ulipofika katika kambi ya Hola, karibu na Mto Tana, watu 11 waliuawa tarehe 3 Machi 1959. Huko Hola nako kazi waliyolazimishwa kuifanya ilikuwa kazi ya mashamba ya kunyunyiziwa maji. Sitaji habari hizi ili kukutia uchungu tu. Nataka ujue kwamba mfereji uuonao leo dirishani, ambao maji yake yapita kwa utulivu, ulichimbwa na watu waliokuwa wakisimamiwa kwa bunduki. Na desturi za mahali hudumu muda mrefu kuliko watu waliozianzisha.

Mpunga ulipokwisha kujaribiwa na kufaulu, mashamba yalianza kugawanywa. Kila mpangaji, maana ndivyo alivyoitwa ingawa kisheria hakuwa mpangaji kamili, alipewa eka 4 za majaruba. Wengine waliopewa walikuwa wametoka kizuizini. Wengine walikuwa watu wa jirani wasio na ardhi. Kwa mtu aliyefukuzwa Nakuru na kukataliwa na ndugu zake waliobanana katika vishamba vyao, eka 4 zenye maji ya hakika zilikuwa neema kubwa. Twapaswa kusema hivyo kwa haki. Kulikuwa na watu wengi waliozitamani kuliko waliozipata, na mavuno ya Mwea yalisifiwa katika Afrika ya Mashariki yote. Hata mwaka 1970 ulipofika, jamaa zilizokuwa na mashamba hayo zilikaribia ama kupita 3,000.

Sasa tuifungue leseni yenyewe. Masharti yake yaliandikwa katika kanuni za mwaka 1962, wakati mkoloni alipokuwa akifunga mizigo yake. Mtu angetazamia kwamba uhuru ungeyafuta. Haukuyafuta. Mwaka 1966 Bunge la Kenya huru lilipitisha Sheria ya Unyunyizaji na kuunda Bodi ya Taifa ya Unyunyizaji. Na mwaka 1977 kanuni zilitungwa upya kwa ajili ya Mwea na mashamba mengine ya serikali ya namna hiyo, roho yake ikiwa ni ile ile. Mtu yeyote asiyekuwa na leseni hakuruhusiwa kukaa, kulima wala kulisha mifugo ndani ya mipaka. Mwenye leseni alitakiwa aitoe nafsi yake na wakati wake wote kwa kilimo cha shamba lake. Hakuruhusiwa kutokuwapo kwa muda wa zaidi ya mwezi mmoja bila idhini ya Meneja. Alipaswa kutii maagizo kuhusu kupanda, kupalilia na kuvuna, na kuyapeleka mavuno yake mahali palipoagizwa, isipokuwa kile alichoruhusiwa kubakiza kwa chakula. Mazao yaliyopandwa kinyume cha maagizo yaliweza kuharibiwa kwa amri ya Meneja. Kama shamba halikutunzwa, Meneja aliweza kuwaweka watu wengine wakaifanya kazi, na gharama ikakatwa katika fedha za mwenye leseni. Na mwisho wa yote, leseni yenyewe iliweza kufutwa.

Kwa nini masharti makali hivyo? Wako wasemao kwamba yalitokana na ukatili wa wakoloni tu. Mimi siafiki neno "tu." Maji hayajui mipaka ya mtu. Mfereji mmoja hulisha majaruba mengi kwa zamu, na mtu wa juu akizuia maji siku mbili, wa chini hukaukiwa. Mtu mmoja akipanda kwa kuchelewa, mpunga wake huiva wakati wenzake wamekwisha vuna, na ndege pamoja na wadudu wa nchi nzima humwangukia yeye, kisha huzaana hapo na kungojea msimu ujao. Katika Sudan, bwawa la Sennar lilipomalizika mwaka 1925, mashamba makubwa ya pamba ya Gezira yalianzishwa kwa utaratibu wa namna hii: mkulima hupewa shamba kwa masharti, kalenda ni moja kwa wote, na mapato hugawanywa. Walioipanga Mwea waliutazama mfano huo. Nidhamu ya maji, basi, ilikuwa na sababu yake.

Lakini hapa ndipo penye kosa, nami naomba ulitazame kwa utulivu. Karatasi moja ilibeba mambo mawili ambayo hayana haja ya kufungwa pamoja: kazi ya shamba na makao ya jamaa. Mtu aliyechelewa kupalilia hakuhatarisha mavuno yake peke yake. Alihatarisha nyumba yake. Katika nchi nyingine mkulima mvivu huvuna kidogo, akachekwa na jirani zake, akalala na njaa nyumbani kwake. Katika Mwea aliweza kukosa hata mahali pa kulala na hiyo njaa.

Tazama jinsi masharti hayo yalivyoingia hata mezani na kitandani. Kanuni ziliwataja wale walioruhusiwa kukaa na mwenye leseni: baba yake na mama yake, wake zake, na watoto wake wasiooa wala kuolewa walio chini ya umri wa miaka 18. Soma tena maneno hayo, wewe uliye katika kidato cha tatu au cha nne. Kijana wa Mwea aliyetimiza miaka 18 hakuwa tena, kwa mujibu wa maandishi, mtu mwenye ruhusa ya kulala katika nyumba aliyozaliwa. Wala eka 4 hazikuweza kugawanywa kwa wana. Leseni ilikuwa moja, na mrithi alikuwa mmoja, tena ilibidi akubaliwe. Ni kweli kwamba wengi walibaki. Hakuna baba aliyemsindikiza mwanawe mpaka mpakani siku ya kuzaliwa kwake. Walijenga chumba nyuma ya nyumba, wakaoa humo, wakalima hapa na pale nje ya mpango. Lakini walikaa kwa kufumbiwa macho, na mtu afumbiwaye macho hulala akisikiliza nyayo.

Na mama je? Leseni iliandikwa jina la mume, na fedha za mpunga zililipwa kwa jina hilo. Wanawake ndio waliopanda na kupalilia katika matope yafikayo magotini, kisha malipo yakapita juu ya vichwa vyao. Wataalamu waliochunguza maisha ya jamaa hizo mwanzoni mwa miaka ya 1970 walisikia malalamiko yaliyofanana: kuni hazipatikani katika tambarare ile, hununuliwa, mahindi na maharagwe, chakula walichokizoea watu wa huko, hayalimwi katika jaruba, na mwenye kuhitaji fedha za kununulia vitu hivyo lazima amwombe mume. Wako wanawake waliowaacha waume wao na kurudi kwa wazazi wao kwa sababu hiyo. Mwea ilikuwa na chakula tele ghalani, na wakati huo huo mama hakuwa na kitu cha kutia chunguni. Mambo hayo mawili hayapingani kama yaonekanavyo mwanzoni.

Nirudi katika amri ya kumtoa mtu. Haikuanza na askari. Ilianza na msimamizi wa shamba aliyepita juu ya ukingo na kalamu yake, akaandika kwamba jaruba la fulani lina magugu. Lilifuata onyo. Kisha Meneja aliweza kuipeleka habari mbele ya kamati, na shauri likapanda juu mpaka kwa wenye mamlaka ya kuifuta leseni. Baada ya kufutwa, mtu yule alikuwa mtu asiye na ruhusa, na kukaa bila ruhusa lilikuwa kosa la jinai. Ona jinsi mambo yalivyopinduliwa. Kwa kawaida, mwenye mali atakaye kumtoa mtu hushtaki mahakamani, na kazi ya kuthibitisha ni yake. Hapa uamuzi ulitoka ofisini kwanza. Na ikiwa mtu alifika mbele ya hakimu, alifika akiwa tayari mkosaji.

Katika maelfu ya wapangaji, waliofukuzwa walikuwa wachache. Wengine huitaja habari hiyo kama ushahidi kwamba masharti hayakuwa mabaya. Naiona kwa njia nyingine. Fimbo inayoning'inia mlangoni haihitaji kutumiwa kila siku. Mtu mmoja akifukuzwa katika kijiji, mia moja humtazama akipanga sufuria zake juu ya mkokoteni, na palizi ya msimu ule hufanyika kwa wakati. Tena nafasi yake haikukaa tupu. Walikuwapo wengi waliokuwa wakingoja leseni, nao hawakuwa maadui zake, walikuwa watu maskini kama yeye. Amri iliyopata wa kuichukua nafasi ya aliyefukuzwa haikuhitaji bunduki nyingi.

Si Mwea peke yake iliyokaa kwa ruhusa. Katika misitu ya Mlima Kenya, upande wa Embu na upande wa Meru pia, watu waliruhusiwa tangu mwaka 1910 na baadaye kulima kati ya miche michanga ya serikali, wakiipalilia miti pamoja na mahindi yao. Miti ilipokua na kutia kivuli, walihamia kipande kingine. Walikuwa na vijiji vyao msituni, na shule zao. Mwishoni mwa miaka ya 1980 serikali iliusimamisha utaratibu huo na wakaaji wa misitu wakatolewa. Wengi walikwenda kukaa kando ya barabara na katika vitongoji vya miji. Sitaikalia sana habari hiyo, maana yastahili insha yake yenyewe. Lakini ukumbuke kwamba watu wa msituni walipoambiwa watoke, hawakuwa na chama cha ushirika, wala ghala, wala zao ambalo nchi nzima ilikuwa ikilihitaji. Watu wa Mwea walikuwa navyo vyote vitatu.

Mwaka 1998 wakulima wa Mwea walichoka. Bei waliyolipwa na Bodi ilikuwa ndogo kuliko ile waliyoweza kuipata sokoni, na makato ya maji, ya kulimiwa na ya mbegu yaliila sehemu kubwa ya hiyo bei ndogo. Kwa njia ya chama chao cha ushirika walikataa kuipelekea Bodi mpunga wao. Waliupeleka katika maghala ya chama, wakauuza wenyewe. Kwa maandishi, kila mmoja wao alikuwa amevunja sharti kubwa la leseni, na kila leseni iliweza kufutwa. Mapema mwaka 1999 wakulima na polisi walipambana, na vijana wawili wakauawa kwa risasi. Baada ya hapo Bodi haikuweza tena kuendesha mambo katika Mwea, nayo ikajiondoa.

Hapo utaona mpaka wa ile amri. Ilikuwa na nguvu ya kumtoa mtu mmoja, maana wengine wote walisimama kando. Ilipobidi kuwatoa maelfu kwa siku moja, haikutekelezeka. Ni nani angewatoa? Nani angeingia mahali pao? Kanuni za mwaka 1977 zilikuwa zingali pale, neno kwa neno, katika vitabu vya sheria. Lakini hakuna aliyethubutu kuzisoma kwa sauti katika soko la Wang'uru. Walioanguka walikuwa vijana, nami huikumbuka ile sheria ya miaka 18 kila niifikiriapo siku hiyo.

Lakini habari haiishii katika ushindi. Wakulima walipoyashika mashamba wenyewe, waligundua upesi kwamba Meneja waliyemchukia alikuwa akifanya kazi moja ambayo lazima mtu aifanye. Mifereji ilijaa matope. Watu wa juu walichukua maji zaidi ya haki yao, na wa chini wakagombana. Vijana waliolima nje ya mpango walipanua majaruba yao na kuchota kutoka mifereji ile ile, na maji hayakuongezeka kwa sababu ya wingi wa wayatakao. Mwaka 2003 wakulima na Bodi walipatana: Bodi irudi kuangalia maji na mifereji mikubwa, wakulima washiriki katika kugawa maji kwa vyama vyao, na mpunga uwe mali ya aliyeulima, auuze apendapo. Yaani kile kilichofungwa pamoja mwaka 1962 kilianza kufunguliwa: nidhamu ya maji huku, riziki ya mkulima huku. Mwaka 2019 Bunge lilipitisha Sheria mpya ya Unyunyizaji, na ile ya 1966 ikaondolewa.

Tena sheria za kumtoa mtu katika ardhi zilibadilika katika nchi nzima. Katiba ya mwaka 2010 iliweka haki ya makao katika haki za raia. Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 haikuifuta leseni. Ardhi ya umma yaweza bado kutolewa kwa leseni, kwa muda usiozidi miaka 5. Lakini mwaka 2016 sheria hiyo ilitiwa vifungu vinavyoeleza namna ya kumtoa mtu aliyekaa bila haki. Atakayemtoa lazima atoe taarifa, isiyopungua miezi mitatu kabla. Aliyepewa taarifa aweza kwenda mahakamani kuomba nafuu, na mahakama yaweza kuiondoa amri, kuibadili, au kumwongezea muda. Siku ya kutolewa, maofisa wajitambulishe na waonyeshe amri yao. Ikiwa wanaotolewa ni kundi, wakuu wa serikali wawepo. Wazee, watoto, wanawake na walemavu watazamwe kwa uangalifu wao maalumu. Nguvu isizidi mahitaji. Vitu vilivyoachwa nyuma vilindwe. Na jambo moja dogo ambalo mimi hulirudia mara kwa mara: wenye nyumba wapewe nafasi ya kwanza ya kuibomoa wenyewe na kuokoa vifaa vyao.

Huenda ukauliza kuna faida gani kupewa nafasi ya kubomoa nyumba yako mwenyewe. Mwulize fundi. Bati lililong'olewa msumari kwa msumari laweza kuezeka nyumba nyingine. Bati lililokunjwa na tingatinga haliwezi hata kufunika kuku. Mlango, fremu za madirisha, mbao za paa, hizo ndizo akiba za maskini. Mkoloni aliyewahamisha watu wa Embu na Meru mwaka 1954 hakuwa na kifungu kama hicho, na mara nyingi nyumba za zamani zilichomwa moto nyuma ya wenyewe. Anayeijua habari hiyo hawezi kusoma kifungu hicho kwa haraka.

Bila shaka, sheria nzuri na utekelezaji wake si kitu kimoja. Mahakama za Ardhi na Mazingira zilizo Embu, Meru na Kerugoya husikiliza mashauri ya namna hii, na mengine huchukua miaka mingi, hata aliyeshtaki na aliyeshtakiwa wakazeeka pamoja. Amri ikipatikana, anayeitekeleza aweza kuwa dalali wa mahakama, na polisi huitwa kulinda amani. Kila mmoja wao aweza kuikumbuka miezi mitatu au kuisahau. Lakini aliyesahauliwa sasa ana kifungu cha kukishika mkononi na mahali pa kukipeleka. Yule wa mwaka 1962 alikuwa na Meneja, na Meneja ndiye aliyekuwa akimfukuza.

Siku hiyo ya safari, basi, ukifika Wang'uru shuka garini ukanyooshe miguu. Tembea mpaka ukingo wa mfereji na umwulize mkulima yeyote utakayemkuta zamu yake ya maji ni lini. Atakuambia siku na saa bila kufikiri. Kisha mwulize, kwa adabu, nani mwenye ardhi ile aliyoisimamia. Tafuta kwanza mahali pa kuketi penye kivuli, maana jibu la swali hilo litaanza mbali, pengine kwa babu yake, na litachukua muda.